Bunduki Isiyonyamaza

Ukiingia Chang'ombe kwa upande wa viwandani, ukazipita karakana za kuchomelea mageti na maghala ya vipuri, hadi juzijuzi ungekuta bucha la rangi ya kijani lenye picha ya nyati mlangoni. Aliyemchora nyati huyo alikuwa amezoea kuchora ng'ombe, kwa hiyo alimpa macho ya upole kuliko inavyostahili. Mwenye bucha aliitwa Vaileth. Majirani walimwita Mama Elinaza, kwa jina la binti yake wa pekee aliyeolewa Dodoma.

Alikuwa Mpare wa milimani, mrefu, mkavu wa mwili, asiyecheka ovyo na asiyegusa mizani kwa kidole. Aliuza nyamapori. Serikali ilipoanza kuruhusu bucha za nyamapori zenye kibali, wengi walidhani ile ni biashara ya makampuni makubwa ya uwindaji. Vaileth aliona tofauti, maana mwindaji alikuwa naye ndani ya nyumba.

Mumewe, Fredrick, alikuwa fundi wa kukereza vyuma kwenye karakana ya jirani. Baba yake alimwachia bunduki kuukuu ya kukoki kwa mkono, ile ambayo kila ukipiga risasi moja lazima uvute bolti, utoe ganda, usukume nyingine. Kila msimu ulipofunguliwa Fredrick alikata leseni ya mkazi, akaandikiwa wanyama wake, nyati mmoja, pofu mmoja, yule mnyama mkubwa kama ng'ombe, na swala wachache, akapangiwa eneo na askari wa wanyamapori wa kufuatana naye, kisha akaenda Rufiji. Hakuwahi kuongeza hata swala mmoja juu ya wale alioandikiwa. Watu walimtania kwamba anawinda kama anayesali.

Huko Rufiji alikuwa na mtu wake, Kondo, Mndengereko mfupi mwenye matege kidogo. Kondo alisoma nyayo, na zaidi ya hapo alikuwa mchinjaji. Fredrick ni Msabato, na nusu ya wateja wa Vaileth ni Waislamu. Mnyama akifa kwa risasi kabla hajachinjwa na Mwislamu, kwao ni kibudu, hawamgusi. Kwa hiyo kila mnyama alipoanguka, Kondo alipaswa kumfikia na kisu mnyama akiwa bado anahema. Kumkimbilia nyati aliyeanguka si mchezo. Yupo anayeanguka akafa, na yupo anayeanguka ili akusubiri.

Walikuwa na utaratibu wao. Fredrick akishapiga, alivuta bolti nyuma akaiacha bunduki wazi, akainua mkono wa kushoto na kusema kwa sauti, "Imenyamaza!" Hapo ndipo Kondo alipochomoka. Vaileth alifuatana nao mara moja tu, mwaka aliofungua bucha, akaona kwa macho yake. Usiku ule alimwambia mumewe kwamba ameogopa kuliko siku aliyojifungua.

"Mnyama ndiye aliyekuogopesha?" Fredrick aliuliza.

"Hapana. Yule mtu anavyokuamini."

Kondo akawa ndugu. Alimwita Vaileth shemeji. Mzigo ukitoka porini, yeye ndiye aliyepiga simu, maneno yaleyale kila mwaka: "Shemeji, washa friza, tunakuja." Na wateja wa Vaileth, ambao hawakuwahi kumwona, walimjua kwa jina. Fatmabai, mama wa Kihindi ambaye familia yake ilikuwa na ghala la vipuri mtaa wa pili, hakununua hata robo kilo bila kuuliza.

"Nani kachinja, Vaileth?"

"Kondo, Fatmabai."

"Haya, nikatie paja."

Msimu uliotangulia yale ninayoyasimulia, jicho la kulia la Fredrick lilianza kuota ukungu. Alimpiga pofu dume, akamjeruhi tu. Sheria inasema mnyama uliyemjeruhi ni wako, umfuate, ummalize, na ukimkosa utoe taarifa, na kwenye leseni yako anahesabiwa. Walimfuata hadi jua likazama. Hawakumpata. Fredrick alitoa taarifa kama inavyotakiwa, akarudi Dar akiwa mtu mwingine. Kwa majuma kadhaa alikuwa akiacha chakula mezani.

"Yuko mahali fulani anaoza akiwa hai," alisema.

Hapo ndipo Rogers alipoingia.

Rogers alikuwa na malori na yadi yake Manzese, kandokando ya Barabara ya Morogoro. Alimfahamu Fredrick kwa kupeleka vyuma kukerezwa. Alikuwa mtu wa umri wa kati, mcheshi, anayenukia manukato hata katikati ya karakana, na akikushika mkono hakuuachia upesi. Alisikia habari za uwindaji akazipenda. Jumapili moja mchana alikuja nyumbani kwa Fredrick amebeba begi refu.

Bahati ilitaka Kondo awepo siku hiyo. Alikuwa amekuja kuwasalimia ndugu zake Kiwalani, akapita kuleta asali. Walikuwa wamekaa uani, Vaileth akimenya ndizi, Rogers alipofungua zipu.

"Mambo ya sasa hivi haya, braza," alisema. "Unavuta kifyatulio, risasi inatoka, nyingine inaingia yenyewe. Hukoki. Unavuta tu, unavuta tu."

Fredrick hakuigusa. "Unayo kihalali?"

"Kibali ninacho. Ulinzi wa yadi."

"Kuimiliki ni jambo moja. Kuwinda nayo hairuhusiwi. Sheria ya wanyamapori imeiweka kapu moja na sumu, mitego ya waya, na kumulika wanyama kwa taa za gari."

"Mie najua sheria zina mambo yake," Rogers alisema taratibu, akaegemea mbele. "Lakini jiulize wewe mwenyewe. Yule pofu wako wa mwaka jana. Ungekuwa na hii, risasi ya pili ingemfuata hapohapo, kabla hajapiga hatua. Angeteseka? Ukatili uko wapi hapo, kwenye bunduki au kwenye jicho lako?"

Fredrick aliinamisha kichwa. Vaileth aliona maneno yamemwingia, akaweka kisu chini.

"Iache mjini hiyo," alisema. "Kama mnataka kwenda, nendeni na ya mzee."

Rogers akacheka. "Shemeji, hii ni ya simba tu. Itakaa kwenye gari."

Kondo alisogea, akachuchumaa mbele ya ile bunduki kama anayesoma nyayo, akaitazama ubavuni, akamwinulia Fredrick uso.

"Kaka Fredi, ile yako naisikia. Ukivuta bolti naisikia. Hii, mie nitajuaje kama imenyamaza?"

Rogers alipiga mapaja kwa kicheko. "Utaambiwa, mzee!"

Fredrick naye alitabasamu, tabasamu la mtu anayetaka mazungumzo yapite. "Itakaa kwenye gari, Kondo. Kwa ajili ya simba."

Kondo akasema sawa. Lakini alipoaga, Vaileth alimsindikiza hadi barabarani, akamwona amesimama kwanza, kama aliyesahau kitu.

"Vipi, shemeji?"

"Hamna," alisema. "Yule bwana anapoongea hamtazami mtu. Anatazama kifua."

Wakaondoka msimu ulipofunguliwa, na gari la Rogers, pikapu nyeupe yenye kreti la barafu nyuma. Vaileth aliosha friza, akanoa visu, akasubiri simu. Siku ambazo kwa kawaida ingelikuwa imeshalia zilipita. Alimpigia mumewe, haipatikani. Akajiambia ni mtandao wa porini.

Mchana mmoja wa joto kali, bila simu yoyote, pikapu ikasimama mbele ya bucha. Rogers aliteremka wa kwanza. Fredrick alibaki ndani ya gari, mikono juu ya magoti, kama abiria asiyejua kituo chake.

"Mzigo huo, shemeji!" Rogers alisema. "Nyati na pofu. Jamaa wako kiwango."

"Kondo mbona hakupiga?"

"Amebaki kwao."

Vaileth alikuwa amemuuliza mumewe, akajibiwa na Rogers. Hilo lilimkaa. Alikwenda dirishani mwa gari.

"Baba Elinaza, umefika salama?"

"Nimefika," Fredrick alisema bila kumtazama. Kisha akashuka, akapita moja kwa moja uani, akafungua bomba. Vaileth alimsikia ananawa. Maji yalimwagika muda mrefu mno.

Waliposhusha nyama, akaanza kazi. Alikuwa amepokea wanyama wa Fredrick kwa miaka, na alijua mwandiko wa mumewe: tundu moja nyuma ya bega, nene, safi. Ubavu wa pofu alioutundika kwenye ndoano sasa ulikuwa na matundu madogo yaliyofuatana toka begani hadi kwenye mbavu za nyuma, kama mshono wa cherehani. Alichomeka kisu, ncha ikagonga kitu kigumu. Akatoa risasi nyembamba iliyopinda. Haikuwa ya bunduki ya mzee.

Akavuta shingo. Ilikuwa imekatwa, ndiyo, lakini kama mtu anavyokata gogo. Na nyama yote ya pofu huyo ilikuwa nyeusi, imevilia damu ndani. Mnyama aliyechinjwa akiwa hai damu yake hutoka na nyama hubaki na wekundu wa kung'aa. Huyu hakuchinjwa. Alikatwa akiwa ameshakufa.

Vaileth alikuwa bado ameishika ile shingo Fatmabai alipoingia, mfuko mkononi.

"Nimeona gari limefika nikasema niwahi. Kondo kachinja, siyo?"

Kwa miaka yote jibu la swali hilo lilikuwa linamtoka kabla hajafikiri. Sasa alifikiri kwanza. Alimtazama Fatmabai, akatazama nje. Rogers alikuwa ameegemea pikapu, amekunja mikono, anawatazama wote wawili.

"Leo siuzi, Fatmabai."

"Kwani kuna nini?"

"Friza linasumbua. Nisamehe mama yangu. Nenda tu."

Fatmabai hakuwa mtoto. Aliitazama nyama, akamtazama Vaileth, akaufunga mfuko wake. "Mungu akuhifadhi," alisema kwa sauti ya chini, akatoka bila kumsalimia yule mtu wa nje.

Vaileth akarudisha kila kipande kwenye friza, hata mifupa, hata ile risasi aliifunga kwenye kitambaa akaiweka humo. Akateremsha mlango wa bati, akatia kufuli. Rogers akasogea.

"Vipi tena? Nyama inauzwa ikiwa mbichi, shemeji."

"Nimechoka. Kesho."

"Kesho," Rogers alisema, akamtazama kifuani. "Sawa. Kesho nitapita nione inavyokwenda."

Alipohakikisha ameondoka, Vaileth alikwenda nyuma ya karakana pasipo na watu, akapiga namba ya Kondo. Iliita. Akapokea mwanamke.

"Munira? Ni mie, Vaileth wa Chang'ombe. Naomba mume wako."

Sauti ya Munira ikaja, kavu, kama ya mtu aliyekwisha kulia yote.

"Hamjaambiwa, dada? Kondo tumemzika. Nyati kamchoma pembe."

Vaileth aliushika ukuta.

"Walimleta wamemfunika," Munira aliendelea. "Yule bwana wa gari alisema azikwe upesi, joto kali, na askari wa wanyamapori akakubali. Mie sikuonyeshwa. Wanaume ndio waliomwosha. Na dada... waliomwosha hawaniangalii usoni. Shemeji yangu mzee, ndugu yake wa damu, akiniona anageukia njia nyingine. Nyati gani huyo wa kuwatia watu aibu?"

Vaileth alisema pole. Alisema tena pole.

Alimkuta Fredrick amekaa chumbani ukingoni mwa kitanda, fulana mbichi. Hakuanza na maneno ya kuzunguka.

"Nimeongea na Munira. Nimeiona nyama. Niambie."

Fredrick alianza kutikisa kichwa, kisha akaacha, akasema.

Nyati alikuwa amepatikana siku ya kwanza, kwa bunduki ya mzee, risasi moja, na Kondo alimchinja kwa amani. Yote yangeishia hapo kama leseni isingekuwa na pofu. Siku iliyofuata askari wa wanyamapori aliamka akiumwa tumbo, na Rogers akamwambia apumzike kambini, watamletea maini. Walikuta kundi la pofu asubuhi. Fredrick alilenga, ukungu ukajaa jichoni. Akaishusha bunduki, akafuta jicho. Aliposikia mlio hakuelewa umetoka wapi. Rogers alikuwa nyuma yake na ile nyingine.

"Alipiga kama anayegonga mlango," Fredrick alisema. "Pofu akaanguka. Kukawa kimya. Kondo aliniangalia mie. Mie nilikuwa nimeshika jicho, mkono wangu wa kushoto uko juu, hivi." Akauinua mkono mbele ya uso wake. "Akadhani nimempa ishara."

"Mungu wangu."

"Akachomoka. Amefika, ameinama, kisu mkononi. Pofu akatupa mguu. Mguu tu, Mama Elinaza, mnyama alikuwa anakufa. Rogers akashtuka, na kidole kilikuwa palepale. Ingekuwa ya kukoki, pale kusingekuwa na risasi. Ungehitaji mkono, ungehitaji kufikiri. Ile haikuhitaji kitu."

Hakulia. Alisema Kondo aliangukia juu ya pofu kama aliyelala. Alisema Rogers alikaa chini, akavuta sigara, na alipoimaliza alikuwa na hadithi kamili: nyati aliyekuwa kichakani. Alimkata pofu shingo yeye mwenyewe ili nyama ionekane imechinjwa. Kisha akamgeukia Fredrick. Leseni ni yako, alimwambia. Eneo umepangiwa wewe. Bunduki ya marufuku ilikuwa kwenye msafara wako. Nikisema ulikuwa umeishika wewe, na jicho lako hilo, nani atabisha?

"Na wewe ukanyamaza."

"Nikanyamaza."

Vaileth alikaa kando yake. Nje, mashine ya kukata bati ilikuwa inalia kama kawaida ya mchana wa Chang'ombe. Alimpenda mumewe, na pale pale alimchukia. Aliviona vyote viwili, akaona hakuna kinachomsaidia.

"Baba Elinaza, usiponena wewe, nitanena mimi. Lakini nikinena mimi, utakuwa umemuua mara ya pili."

"Nitafungwa."

"Utafungwa."

"Na huyu mtu haachi kitu, hujamwona porini. Alimruka marehemu kwenda kuokota maganda ya risasi."

"Nimemwona hapa. Inatosha."

Asubuhi iliyofuata Rogers aliwahi kufika kuliko walivyotegemea. Walikuwa wanafunga mlango wa nyumba, Fredrick amebeba bunduki ya baba yake ndani ya mfuko wa turubai, pikapu ilipokata kona. Iliziba njia. Rogers akashusha kioo.

"Mnakwenda wapi na mzigo huo?"

Vaileth akajibu.

"Leseni imekwisha, tunairudisha bunduki ghala la silaha. Ndiyo sheria."

Rogers aliifikiria. "Leteni funguo za bucha, basi. Nimesikia friza linasumbua. Nitaipakia nyama nikaitupe, isiwaletee harufu."

Friza linasumbua. Maneno hayo Vaileth alimwambia Fatmabai peke yake. Mtu huyu alikuwa amesikia kila neno toka barabarani.

"Funguo anazo Fatmabai," alisema. Uongo ulimjia wenyewe. "Nilimwachia aangalie umeme. Nenda ghalani kwao kamwombe."

Alijua ghalani kwa kina Fatmabai kuna walinzi, na mwanawe Raza si mtu wa kutishwa na pikapu. Rogers alimtazama muda. Kisha akatabasamu, akapandisha kioo, akaondoka kwa kasi ya mwendo wa miguu, akiwaangalia kwenye kioo cha pembeni hadi akapotea. Funguo zilikuwa shingoni mwa Vaileth, chini ya kanga.

Walikwenda ofisi ya wanyamapori kwanza, kisha polisi. Fredrick aliweka bunduki juu ya meza, bolti nyuma, akasema, "Nimekuja kusema nilivyodanganya." Hakutoka tena siku hiyo.

Maafisa walikwenda buchani na Vaileth, wakachukua ubavu, shingo na ile risasi. Rufiji, kwa amri ya mahakama, kaburi la Kondo lilifukuliwa, daktari akaona alichokiona. Nyati hakuwa na hatia.

Rogers alikamatwa, na siku si nyingi akawa nje kwa dhamana. Alisema maneno aliyoahidi kuyasema: bunduki ilikuwa mikononi mwa Fredrick, yeye aliiazimisha tu kwa ajili ya simba. Yule askari wa wanyamapori alitoa maelezo, akayabadilisha, akaomba kuyabadilisha tena. Fredrick alikiri makosa yake yote ya uwindaji bila kupunguza, kumruhusu mtu awinde kwa silaha iliyokatazwa chini ya leseni yake, na kuficha kifo. Akapewa kifungo. Leseni ya bucha ikafutwa. Watu wa mtaani wakasema Vaileth amemfunga mumewe kwa mdomo wake, na wengine wakaacha kumwamkia.

Aliyekuja kumwona alikuwa Fatmabai. Alikaa barazani kwenye ndoo iliyopinduliwa, na gauni lake refu, akanywa chai.

"Ungeniuzia tu," Fatmabai alisema. "Nisingejua."

"Ungeniuliza tena wiki ijayo, mama. Na ijayo yake."

Mambo yalipotulia kidogo, Vaileth alipanda basi kwenda Rufiji. Alitaka Munira ayasikie kwa kinywa cha mtu, si kwa karatasi za mahakama. Alimkuta anapepeta mpunga, eda haijaisha. Alimweleza yote, hata ule mkono wa Fredrick uliokuwa juu ya jicho. Munira alisikiliza hadi mwisho, ungo magotini.

"Nilijua," alisema. "Si yote. Lakini nilijua." Akauweka ungo chini. "Kuna mtu alikuja juzi na gari jeupe. Mpole sana. Akaniuliza watoto wanasoma shule gani, na wanarudi kwa njia ipi."

Vaileth hakulala kule hata siku moja. Ndugu wa mume waliitana siku hiyohiyo, wakakubaliana eda imalizikie Dar, maana roho ni kubwa kuliko ada. Munira na watoto wake wakahamia Chang'ombe, chumba kilichokuwa cha Elinaza. Wakaishi wajane wawili, mmoja mume wake kaburini, mwingine mume wake gerezani, na mlango haukufunguliwa kwa kubisha hodi, ila kwa sauti inayojulikana.

Juma moja kabla ya Munira kutoa ushahidi, saa za alasiri, geti liligongwa. Vaileth alichungulia tundu. Rogers alikuwa amesimama peke yake, kanzu nyeupe na kofia, yeye ambaye si Mwislamu, na miguuni mwake magunia ya mchele na sukari.

"Nimeleta rambirambi," alisema. "Kwa mama mjane. Najua yumo."

Munira alikuwa ameshamfikia Vaileth kwa nyuma, kanga ya kichwa imeshuka usoni. Hakufungua geti. Alisema kupitia bati.

"Rambirambi hupewa aliyefiwa, na wewe uliniambia nyati ndiye aliyeniulia mume. Nenda kaulize kwa nyati."

"Mahakama haijasema bado, sista," Rogers alijibu, na sauti yake haikuongezeka wala kupungua. "Watu husema, halafu husahau. Wengine hupata ajali. Watoto wazima?"

Hakungoja jibu. Aliyaacha magunia yakiegemea geti. Jirani wa upande wa pili, fundi magodoro aliyeitwa Adelard, mmoja wa wale walioacha kumwamkia Vaileth, alikuwa amesimama mlangoni kwake na amesikia yote. Alivuka barabara, akayatazama yale magunia kama mtu anavyomtazama nyoka.

"Shikamoo Mama Elinaza," alisema. "Nina mkokoteni."

Waliyapakia wakiwa wote watatu, wakayasukuma hadi kituo cha polisi, Munira akitembea mbele. Adelard aliandika maelezo ya aliyoyasikia, neno kwa neno, akatia sahihi. Dhamana ya Rogers ikafutwa kabla juma halijaisha, na Munira aliposimama kutoa ushahidi, mshtakiwa aliletwa na askari magereza. Munira alisema yote. Mahakama ikayaamini maelezo ya Fredrick, ikamkuta Rogers na hatia ya kuua bila kukusudia, na ya ile bunduki, na ya vitisho.

Vaileth sasa anauza samaki wa kukaanga pale pale mbele ya bucha lililofungwa. Siku za kumtembelea Fredrick, Munira hufuatana naye hadi nje ya geti la gereza, lakini haingii. Moyo wake haujafika huko, na Vaileth hajamwomba.

Ile pikapu nyeupe ilidhaniwa imeuzwa. Lakini mwezi uliopita ilianza kupita tena mtaani, alasiri, taratibu. Anayeiendesha ni mtu mwingine, kijana asiyejulikana na yeyote hapo, na hajawahi kusimama wala kusema neno. Munira huwaita watoto ndani. Vaileth huacha karai motoni, akatoka hadi ukingoni mwa barabara na kusimama hapo, mwiko mkononi, mpaka ipite.